Surviving Mars: Mchezo wa kupigania pumzi ulivyogeuzwa kuwa kazi ya kuotesha misitu

MCHEZO wa kompyuta uitwao Surviving Mars ulipoingia sokoni mnamo Machi 15, 2018, ulikuwa na sheria moja isiyo na huruma: nje ya kuba hakuna pumzi. Mchezaji aliyeghafilika kidogo, bomba la oksijeni likapasuka au umeme ukakatika usiku, aliwashuhudia wakazi wake wakifa mmoja mmoja huku roboti zikiendelea na kazi zake kana kwamba hapajatokea msiba.

Mwaka mmoja na miezi miwili baadaye, mnamo Mei 16, 2019, sheria hiyo ilivunjwa na wale wale walioiweka. Nyongeza waliyoipa jina Green Planet, yaani sayari ya kijani, ilimpa mchezaji uwezo wa kuipasha joto sayari nzima, kuijaza hewa, kuinyeshea mvua na kuiotesha miti, hadi siku ambapo makuba hufunguliwa na watu wakatembea nje kama watembeavyo bustanini.

Kati ya tarehe hizo mbili kuna msururu wa marekebisho yaliyoubadilisha mchezo huu kiasi kwamba aliyeuzoea mwaka wa 2018 angelazimika kujifunza upya. Makala haya yanayapitia mabadiliko hayo na kueleza ni yapi yanayolingana na sayansi ya kweli, na ni yapi ya kujifurahisha tu.

Kwanza, neno kuhusu majina. Sayari hii kwa Kiswahili huitwa Mirihi, jina lililotufikia kupitia Kiarabu, na ndilo tutakalolitumia. Nao watu wanaopelekwa huko na roketi, mchezo wenyewe unawaita walowezi. Kwa kuwa neno hilo lina uchungu wake katika masikio ya Mkenya, hapa tutawaita wakazi.

Waliobuni mchezo huu ni kampuni ya Haemimont Games yenye makao yake jijini Sofia, Bulgaria, ambayo awali ilijulikana kwa michezo ya Tropico, ambapo mchezaji hutawala kisiwa kama dikteta. Waliouchapisha ni Paradox Interactive ya Uswidi. Tabia ya Tropico inaonekana waziwazi: mchezaji hamwongozi shujaa mmoja mwenye bunduki, bali husimamia mji. Huamua nyumba, mashamba na viwanda viwekwe wapi, kisha husubiri kuona kama watu wataishi.

Vumbi, baridi na hesabu

Mchezo huanza kwa kumchagua mfadhili, ambaye aweza kuwa taifa kama vile Marekani, China, India au Urusi, ama kampuni ya kubuniwa. Mfadhili ndiye anayeamua kiasi cha fedha na idadi ya roketi. Roketi ya kwanza haibebi binadamu hata mmoja. Hubeba roboti, magari ya utafiti na vifaa vya ujenzi. Kazi ya siku za mwanzo ni kutafuta maji chini ya ardhi, kuchimba malighafi ya saruji, kusambaza nyaya na mabomba, na kujenga kuba la kwanza.

Ndipo wanapoletwa watu 12 wa mwanzo. Kwa muda wa soli 10, yaani siku 10 za Mirihi, hakuna abiria wengine wanaoruhusiwa, isipokuwa kama mtoto atazaliwa kabla ya muda huo kwisha. Ni kipindi cha majaribio. Wakifa, Dunia haitatuma wengine.

Soli moja, kwa taarifa ya msomaji, ni saa 24 na takriban dakika 40, na mwaka wa Mirihi ni siku 687 za Dunia. Wastani wa joto huko ni kama nyuzi 60 chini ya sufuri. Kanieneo ya hewa haifiki asilimia moja ya hii tunayoivuta, na sehemu kubwa ya hewa hiyo, asilimia 95, ni kaboni dayoksaidi. Mchezo umeyazingatia haya kwa uangalifu. Wimbi la baridi likija, mitambo hula umeme zaidi na matangi ya maji huganda. Dhoruba ya vumbi ikija, paneli za sola hudhoofika, roketi hazitui, na mitambo inayotengeneza oksijeni kutoka hewani husimama kabisa. Anayetegemea sola pekee huona taa zikizima moja baada ya nyingine.

Kwa wengine hayo yalionekana kutiwa chumvi. Hata hivyo, mnamo Juni 2018, miezi mitatu tu baada ya mchezo kutoka, dhoruba halisi ya vumbi iliifunika Mirihi yote. Gari la utafiti la shirika la anga za juu la Marekani, NASA, liitwalo Opportunity, lililokuwa limetua huko Januari 2004 kwa kazi ya siku 90 na likadumu zaidi ya miaka 14, lilituma ishara yake ya mwisho Juni 10 mwaka huo. Lilitegemea sola. Mnamo Februari 13, 2019 NASA ilitangaza kuwa safari yake imekwisha. Gari jingine, Curiosity, lililotua mwaka wa 2012, lilistahimili dhoruba hiyo kwa sababu umeme wake hutokana na nguvu za nyuklia. Mchezaji wa Surviving Mars asingehitaji kufafanuliwa zaidi.

Mfano wa pili ni mtambo wa kutengeneza oksijeni. Katika mchezo unaitwa MOXIE, na jina hilo halikubuniwa na Wabulgaria. Ni jina la kifaa halisi ambacho wakati huo kilikuwa kingali kinatengenezwa. Kiliwasili Mirihi kikiwa ndani ya gari la Perseverance mnamo Februari 18, 2021, na mnamo Aprili 20 mwaka huo kikatoa gramu 5 na ushei za oksijeni kutokana na kaboni dayoksaidi ya huko. Hadi kilipostaafishwa mwaka wa 2023, baada ya kuwashwa mara 16, kilikuwa kimetoa jumla ya gramu 122. Kwa maelezo ya NASA, hiyo ni pumzi ya mbwa mdogo kwa saa 10 hivi. Katika mchezo, mitambo michache ya aina hiyo hutosheleza kuba zima la watu. Hapo ndipo ubunifu unapoiacha sayansi nyuma.

Vijia vilivyobadilisha ramani

Badiliko la kwanza kubwa lilikuja bila malipo katika mwaka huo huo wa 2018, na kwa mtazamo wa juu juu lilikuwa dogo: vijia vya kuunganisha makuba.

Mwanzoni kila kuba lilikuwa kisiwa. Mkazi alilala, akala, akatibiwa na kufanya kazi katika kuba lake, au katika migodi na viwanda vilivyo jirani nalo. Kama kuba halikuwa na zahanati, aliyeugua hakuvuka kwenda kwa jirani kutibiwa. Matokeo yake ni kwamba kila kuba lililazimika kuwa na duka lake, baa yake, mkahawa wake na bustani yake, na makuba yote yakaishia kufanana kama nyumba za mtaa mmoja wa shirika la reli. Wachezaji walilalamika sana, na malalamiko yao yalikuwa ya haki.

Vijia vilipokuja, mkazi aliweza kupata kazi na huduma katika kuba lililounganishwa na lake. Ghafla mipango ya miji ikawa na maana. Kuba moja lingeweza kuwa la makao, jingine la viwanda, jingine la shule na malezi ya watoto. Binafsi ninaona kuwa vijia hivi viliuboresha mchezo kuliko nyongeza yoyote ya kulipiwa iliyofuata, ingawa si jambo linaloweza kupambwa katika tangazo la biashara.

Lakini vilevile viliyafanya makali ya jambo jingine yaonekane zaidi. Kila kuba lina orodha ya vichujio ambavyo mchezaji huvitumia kuamua ni nani aingie na nani azuiwe: kwa umri, kwa taaluma, kwa tabia. Kila mkazi ana sifa zake. Kuna mchapakazi, mcha Mungu, mlevi, mcheza kamari, mvivu, na hata mjinga, ambaye huweza kuharibu mtambo kwa kuugusa tu. Naye mzee, katika hesabu za mchezo huu, hafanyi kazi. Hula, huvuta hewa, na huchukua kitanda.

Haikuchukua muda kabla ya wachezaji wengi kufikia uamuzi ule ule, kila mmoja peke yake: kujenga kuba la wazee pembezoni, kuliweka huduma haba, na kuvielekeza vichujio ili kila aliyestaafu ahamishiwe huko. Mchezo haukukemei kwa hilo. Haukusifu pia. Takwimu za uzalishaji hupanda, basi. Kuna teknolojia adimu ndani ya mchezo inayowawezesha wazee kufanya kazi na kuzaa tena, lakini si kila mchezo huitoa, kwa kuwa uvumbuzi wa aina hiyo hugawanywa kwa bahati nasibu. Sisi tulio karibu kuingia katika kuba hilo tuna haki ya kulitazama kwa jicho la shaka.

Mnamo Novemba 15, 2018 ilitoka nyongeza iliyoitwa Space Race, iliyoleta wapinzani. Mataifa na makampuni mengine yalianza kujenga makazi yao upande mwingine wa sayari, yakishindania uvumbuzi, yakifanya biashara na mara nyingine yakiomba msaada. Kila mfadhili alipewa jengo na gari la kipekee, na Japan na Brazil zikaongezwa katika orodha ya wafadhili. Ilichangamsha, lakini wapinzani hao hubaki majina kwenye ramani. Huwezi kuwatembelea.

Sayari ya kijani

Green Planet ilikuwa jambo la aina nyingine kabisa, maana iligusa mzizi wa mchezo.

Tatizo lililotakiwa kutatuliwa lilikuwa hili. Mchezaji akishavuka hatari za mwanzo, akawa na makuba matano au sita, maghala yamejaa na umeme wa akiba upo, hakukuwa tena na la kufanya ila kuongeza makuba mengine. Hofu ilikwisha, na pamoja nayo hamu.

Suluhisho likawa vigezo vinne vinavyopimwa kwa asilimia: hewa, joto, maji na mimea. Vyote huanzia chini kabisa, na mchezaji hupewa majengo na miradi ya kuvipandisha. Kuna viwanda vya kutoa gesi zinazohifadhi joto. Kuna mitambo ya kusindika miamba ili itoe gesi zake. Kuna maziwa ya kuchimbwa, na vituo vya upandaji miti ambavyo huhitaji mbegu, bidhaa mpya isiyokuwapo awali. Tawi jipya la utafiti liliongezwa, na miradi mikubwa ikaja pamoja nalo: kuyeyusha barafu ya ncha za sayari, kunasa vimondo vya barafu, kuweka kioo angani kiakisi mwanga wa jua.

Jambo lililonivutia zaidi ni hatima ya mawe taka. Katika mchezo wa awali kila mgodi ulitoa lundo la mawe yasiyo na faida kubwa, ambayo roboti zilihangaika kuyatafutia jalala. Sasa mawe hayo hayo ndiyo chakula cha mitambo ya kusindika hewa. Mchezaji aliyekuwa akiyalaani alianza kuyahesabu kama mali. Marekebisho ya bure yaliyoandamana na nyongeza hii yaliongeza pia zana za kusawazisha ardhi, kwa hivyo mlima uliokuwa kizuizi kwa miezi mingi ungeweza kukatwa.

Kila kigezo kinategemea kingine. Miti haioti bila joto na maji. Udongo una ubora wake, na mvua yenye sumu huushusha. Mvua hiyo ni janga jipya, pamoja na matetemeko ya ardhi, kwa hivyo anayedhani kwamba kuitengeneza sayari ni kubonyeza vitufe hujikuta akiona mashamba yake yakinyauka. Hewa nayo huvuja kwenda angani, na kuizuia kunahitaji mitambo ya gharama kubwa inayotengeneza nguvu za sumaku. Kwa upande mwingine, joto likishapanda vya kutosha mawimbi ya baridi hukoma, na ramani nyekundu huanza kuwa na mabaka ya kijani, kwanza kama kuvu kwenye jiwe, kisha nyasi, kisha vichaka.

Mwishowe hewa hufikia kiwango cha kuvutika na makuba hufunguka. Oksijeni haihitajiki tena. Ni wakati mzuri, ninakiri. Aliyetumia saa nyingi kuziba mabomba yanayovuja hustahili kuuona.

Siku hiyo hiyo ya Mei 16, 2019 ilitolewa nyongeza ndogo iitwayo Project Laika, yenye mifugo na wanyama wa nyumbani, iliyopewa jina la mbwa aliyerushwa angani na Umoja wa Kisovieti mwaka wa 1957.

Je, sayansi inasemaje?

Wazo la kuigeuza Mirihi si geni. Mwanaastronomia mashuhuri wa Marekani, Carl Sagan, aliliandikia katika jarida la Icarus mwaka wa 1973, akipendekeza kuwa ncha za sayari zikifanywa kuwa nyeusi zingefyonza mwanga wa jua na barafu yake kuyeyuka, gesi zikatoka, na joto likajiongeza lenyewe. Mchezo umelifuata wazo hilo karibu hatua kwa hatua.

Kinachotia simanzi ni kwamba mnamo Julai 2018, wakati ambapo mchezo ulikuwa na umri wa miezi minne, Bruce Jakosky wa Chuo Kikuu cha Colorado na Christopher Edwards wa Chuo Kikuu cha Northern Arizona walichapisha katika jarida la Nature Astronomy hesabu inayoonyesha kuwa malighafi haitoshi. Kuyeyusha ncha zote kungeongeza kanieneo ya hewa hadi asilimia 1.2 tu ya ile ya Dunia. Hata ukikusanya gesi iliyoshikwa na vumbi na iliyofungika katika miamba inayoweza kufikiwa, hungevuka asilimia 7. Kwa maneno mengine, ile mitambo ya mchezo inayosaga mawe taka ingesaga na kusaga bila sayari kupata joto la maana.

Kuhusu kuvuja kwa hewa, mchezo una nusu ya ukweli. Mirihi ilipoteza uga wake wa sumaku takriban miaka bilioni 4 iliyopita, na upepo wa jua ukaanza kuipokonya hewa. Chombo cha MAVEN, kilichofika huko Septemba 2014, kimepima jinsi gesi inavyoendelea kutoroka hata leo. Lakini kasi yake ni ndogo mno kwa kipimo cha maisha ya binadamu. Kama mtu angefaulu kuijaza sayari hewa, ingechukua mamilioni ya miaka kuisha. Katika mchezo huvuja mbele ya macho yako, kwa sababu mchezo usio na hasara huchosha.

Jambo moja mchezo umelinyamazia kabisa, nalo ni uzito. Nguvu ya mvutano ya Mirihi ni asilimia 38 ya ile ya Dunia na hakuna kiwanda kinachoweza kuiongeza. Watoto wanaozaliwa huko ndani ya mchezo huwa na sifa ya kupendeza: hawapati ule ugonjwa wa kuitamani Dunia unaowapata wazazi wao wanapokosa starehe, nao hawadai roketi ya kurudi nyumbani. Hakuna anayeuliza mifupa yao imekuaje.

Baada ya kijani

Kwa maoni ya mwandishi huyu, Green Planet iliutibu mchezo ugonjwa mmoja na kuuambukiza mwingine mdogo. Saa za mwisho zimepata lengo, na ni lengo zuri. Lakini soli 100 za kwanza, zile za kuhesabu matangi na kuomba dhoruba ikome, ndizo zinazobaki akilini, na anayejua tangu mwanzo kuwa kuba litafunguka haliogopi tena kwa kiasi kile. Kwa bahati njema nyongeza hizi zinaweza kuzimwa kabla ya kuanza mchezo mpya, na anayetaka ukali wa 2018 anaweza kuupata.

Nyongeza ya Below and Beyond, iliyotoka Septemba 7, 2021 ikiwa imetengenezwa na kampuni nyingine, Abstraction, iliwapeleka wachezaji mapangoni chini ya ardhi na kwenye vimondo kuchimba madini ya ajabu. Ilipokelewa kwa manung'uniko. Wengi waliona kuwa kusimamia ramani tatu kwa pamoja kuliongeza kazi bila kuongeza raha, na hitilafu zilikuwa nyingi.

Mnamo Novemba 2025 mchezo ulitolewa upya kwa jina Surviving Mars: Relaunched, ukiwa umerudi mikononi mwa Haemimont wenyewe. Nyongeza kuu za awali zimejumuishwa ndani yake, michoro imeboreshwa, na mapango ya mwaka wa 2021 yamefanyiwa kazi tena. Jipya zaidi ni Baraza la Mirihi, ambamo wakazi waliokuwa wakihamishwa na vichujio bila kuulizwa sasa wana makundi yao ya kisiasa, hujadili sheria, na huweza hata kuielekeza nchi yao nyekundu kwenye uhuru kutoka kwa mfadhili aliyewaleta.